Shingo Haina Mbadala

Kwa miaka thelathini Hosiana alikuwa akiteremsha matenga ya mboga kutoka milimani hadi Morogoro mjini, yote kichwani, na shingo haikuwahi kumlalamikia. Mwezi huu ilimuuma mpaka akashindwa kugeuka kanisani kumpa jirani mkono wa amani. Watu wakasema ni uzee. Uzee gani, na miaka arobaini na mbili! Yeye mchawi wake alimjua: simu.

Hashimu, mnunuzi wake pale sokoni, ndiye aliyemshauri anunue ya kisasa. Tangu hapo kijana hakumpa nafasi ya kupumua. Tuma picha. Umefika wapi? Na Hosiana, kwa adabu zake, akawa anajibu huku anatembea na tenga la koliflawa kichwani. Mtu yeyote wa milima hii ya Uluguru anajua kwamba ukibeba, kichwa hakiinami. Miguu yenyewe inaijua njia. Yeye alikuwa akiinama kidogo, mkono mmoja tenga, mwingine simu, shingo katikati kama mjinga anayeamulia ugomvi.

Alhamisi moja, kwenye kona yenye utelezi, ujumbe ukaingia. Akainamisha kichwa. Tenga likacheza, koliflawa tatu zikabingirika bondeni, na maumivu yakampiga toka kisogoni hadi begani. Akapiga magoti, akatua mzigo, akasoma: "Usipojibu, oda nampa mwingine."

Hakulia. Alikasirika. Mnunuzi mwingine hakuwa naye, hilo alilijua vizuri. Lakini shingo nyingine pia hakuwa nayo. Akaizima simu, akaifunga kwenye pindo la kanga, akaviringisha upya kitambaa cha ngata, akamwomba mpita njia amtwike. Akashuka wima, taratibu, akiuma meno.

Sokoni Hashimu alimpokea kwa kelele. Hata shikamoo aliisahau.

"Mama Gervas, nimepiga mara saba! Unashindwa nini kujibu huku unatembea?"

"Sogea hapa, mwanangu."

Kabla hajaelewa, ngata ilikuwa utosini mwake, na wachuuzi wawili walikuwa wakimsaidia Hosiana kumtwika tenga, huku wanacheka. Hashimu akalishika kwa mikono miwili, shingo imemkakamaa. Hosiana akawasha simu yake, akapiga.

Simu ikaita mfukoni mwa Hashimu. Hakuthubutu hata kutazama chini.

"Haya, pokea," alisema Hosiana. "Na ukishapokea, nitumie picha."

Simu ikaita mpaka ikakata. Akapiga tena.

"Nitue, mama," Hashimu alisema, jasho likimtiririka. "Oda ni yako."

"Hilo nimelisikia. Na simu?"

"Sitakupigia tena ukiwa njiani."

Hosiana hakugusa tenga. Nyuma yake wanawake wengine wa milimani walikuwa ndiyo kwanza wanafika, mizigo kichwani, simu mikononi.

"Sema kwa sauti," alimwambia. "Na hawa nao unawapigia."