Marahaba ya Bujiku

Kaka yangu Bujiku ni wakili Kahama, lakini watu wanamjua kwa redio. Kila Jumamosi alfajiri anachambua sheria na siasa, na wachimbaji kule Geita humsikiliza kabla ya kuingia mashimoni. Mimi Limi, dada yake, sisifii mtu ovyo, ila Bujiku akieleza fidia, hata aliyelala anaelewa.

Mama humsikiliza huko Samuye, redio ubavuni, nusu macho nusu usingizi. Bujiku alipewa jina la baba yake mama, na kwetu mtoto mwenye jina la babu ni babu. Basi mama humwamkia shikamoo baba, naye huitikia bila haya, marahaba mwanangu. Tumeshazoea.

Mwaka huu kijiji kimoja huko machimboni kiliambiwa kihame kabla ya kulipwa. Bujiku akaahidi redioni kwamba wiki inayofuata atawataja wahusika kwa majina. Kesho yake wanaume wawili tusiowajua wakafika kwa mama, wakauliza kama hapo ndipo nyumbani kwa wakili, wakanywa maji, wakaondoka. Hawakutisha mtu, ila mama alitishika. Akampigia mwanawe, akamkataza kufungua mdomo, na Bujiku, bingwa wa kuwabishia wakubwa, akatii. Nilikasirika, lakini nani ambishie mama?

Jumamosi ikapigwa miziki tu. Tangu hapo mama akawa anaota ndoto ile ile. Babu amekaa mlangoni mwa zizi, ukungu umefika magotini mwa ng'ombe, na ng'ombe wenyewe hawatoi sauti. Mama anapiga goti, anaamkia. Babu anamtazama tu, haitikii. Akiamka mikono ni ya baridi, na mpaka jua lipande hajui kama ameamka kweli. Akasema wazee wamekasirika, akaniagiza unga wa mtama wa kutambikia.

Unga nilileta. Ila ulimi wangu nao hauna breki.

"Mama, babu hajanuna. Wewe ndiye uliyemkataza kusema."

Akamimina unga kwenye kibuyu cha maji, akauangalia ukizama. Kisha akaomba simu.

"Shikamoo, baba," akasema. "Nimekuruhusu. Sema." Akakata simu kabla ya kuitikiwa.

Jumamosi tukakaa, redio katikati yetu. Bujiku alianza na "Marahaba, mwanangu," na nadhani Kahama nzima ilidhani wakili kachanganyikiwa. Kisha akakitaja kijiji, akawataja waliosaini amri, akasema hakuna wa kuhamishwa kabla ya fidia kamili. Hapo sauti ikakatika, muziki ukaingia. Nilipiga simu yake ikaita weee, haikupokelewa. Niliogopa, nikapiga tena na tena.

Mama alikuwa amefumba macho anatabasamu, nikadhani bado yuko zizini na babu. Akafumbua, akajifunga kitenge, akachomoa fimbo ya babu darini.

"Ameitika," akasema. "Sasa twende tukamsimamie."

Tukatembea hadi barabarani kungoja basi la Kahama, mama mbele.