Pasi ya Mkaa ya Naisula

Ankara ya umeme ya mwezi wa kwanza ilikuwa mara sita ya kawaida. Mzee Elieza aliigeuzageuza kama atakuta kosa upande wa nyuma. Zilikuwa enzi za ruksa, biashara zimeachiwa huru, kila uchochoro wa mtaa wa Daraja Mbili umefunguliwa duka, lakini yeye hakuwa na duka wala friji. Alikuwa na taa nne, redio, na mpangaji mmoja, Naisula, aliyeishi kwa kuwafulia watu nguo na kuzipiga pasi.

Basi hakutafuta mbali. Alisimama uani, majirani wamejaa bombani.

"Naisula! Unaniibia umeme kwa pasi."

"Baba, pasi yangu si hii hapa? Ya mkaa."

"Hiyo geresha tu. Ya umeme umeificha."

"Zima swichi kubwa, baba, twende wote tukaitazame mita. Ikiendelea kuzunguka, mwizi si mimi."

"Ufundi umeusomea wapi, kwenye karai la kufulia?"

Watu wakaangua kicheko, na Elieza akacheka nao. Kabla ya Jumapili Naisula alikwisha kuondoka na godoro lake. Pasi ilibaki nyuma ya mlango.

Ankara ya mwezi wa pili ikaja, imezidi ile ya kwanza. Hapo Elieza alijua mwizi si Naisula. Mwingine angemtafuta mama wa watu siku ileile. Yeye akaenda mahakamani kuwashtaki watu wa umeme, maana kulaumu ofisi ni rahisi kuliko kuomba radhi kwa mfua nguo.

Baada ya kuahirishwa mara nne, hakimu aliamuru mita ipimwe pande zote mbili zikiona. Fundi akazima swichi kubwa. Redio ikakatika katikati ya neno. Kisahani cha mita kikaendelea kuzunguka, tena mbio.

"Mnaona! Mita yao mbovu!"

"Taratibu, mzee," fundi akasema. Alikuwa ameona waya uliochomekwa kati ya mita na swichi. Akaufuata darini, akaufuata kwenye michongoma, hadi banda la Dismasi, mchomelea mageti aliyenunua kiwanja cha jirani baada ya Krismasi.

"Niliukuta hapa, una moto," Dismasi akajitetea. "Nikasema Mungu ameniona."

Elieza aliutambua waya. Aliuvutisha mwenyewe, siku ya kipaimara cha binti yake Anande, ili taa na spika ziwafikie wageni upande wa pili wa michongoma, kiwanja kikiwa bado kitupu. Gauni jeupe la Anande alilipiga pasi Naisula, bure. Sherehe ikaisha, waya ukasahauliwa.

Kesi akashindwa, na gharama juu yake. Hilo alilimeza. La uani likakataa kushuka.

Alimpata Naisula Usa River, kwenye geti la shamba la maua, wafanyakazi wakitoka.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba, mama. Nimekuletea pasi yako."

"Mita uliitazama?"

Akamweleza yote, hata kipaimara.

"Nisamehe. Chumba kiko wazi, rudi."

"Nimekusamehe, baba. Kurudi, hapana. Mwizi uliniita mbele ya watu wote wa bomba. Radhi umenifuata nayo huku, ambako hakuna anayekujua."

Akapokea pasi, akaifungua, akaipindua kando ya barabara. Majivu ya mkaa yalikuwa yamejaa hadi kwenye mdomo. Elieza alikuwa ameibeba safari nzima, na hakuwahi kuifungua.