Doa la Kona ya Kushoto

"Mara ya tatu wiki hii, Delfina! Nile matunda yangu ya aprikoti na chokaa?"

"Si nilikwambia uzifunike, Mzee Vartan?"

"Nikizifunika zitakaukaje? Utakuja kuzipuliza wewe?"

Ilikuwa saa tano asubuhi huko Burbank, mji wa watengeneza filamu, na mtaa mzima ulishafungua madirisha usipitwe. Kwamba vumbi ni la Delfina, hakuna aliyebisha. Aliajiriwa kusafisha filamu ya zamani ya kuta za Yeriko, picha moja moja, ili watu waitazame majumbani ikiwa angavu kama ya jana. Kila chembe aliyoifuta kwenye kompyuta ilipenya chini ya mlango wa gereji alimofanyia kazi, ikavuka uzio, ikatua kwenye shuka ambalo jirani yake Vartan alianikia aprikoti.

Asubuhi hiyo, kabla ya ugomvi, alifika pale ukuta unapoanguka. Alipoufuta ukungu wa vumbi kwenye picha, kwenye kona ya kushoto alionekana kijana mwenye joho la kijivu, na jiwe lililomlalia halikuwa la maboksi kama mengine ya ukuta ule wa kuigiza; lilikuwa jiwe kweli. Delfina alimpigia bosi simu.

"Hilo ni doa," bosi alisema. "Futa."

"Lina masikio, bosi."

"Diski zinatoka kabla ya Pasaka. Futa."

Akafuta. Ndiyo maana sasa, ugomvi ukiwa haujaisha, mlango wa gereji ulifunguka akatoka kijana akijikung'uta chokaa.

Vartan alimtambua. Ni Hovsep, kaka yake. Mwaka 1958 alikwenda kuigiza kama mtu wa Yeriko katika filamu hiyohiyo, hakurudi. Wenye filamu walisema alisaini asubuhi, jioni hakusaini, basi katoroka. Wakaandika barua moja tu, kudai joho lao. Mtaa ukajazia yaliyobaki: kakimbilia mji wa Fresno na msusi.

"Umezeeka," Hovsep alisema.

"Na wewe umechelewa."

"Mama yupo?"

"Alishakufa."

"Alinisubiri?"

Vartan aliokota aprikoti moja, akaipangusa. "Alikataza jina lako lisitajwe ndani."

Delfina alimwomba bosi doa lirudishwe. Bosi alisema kazi imeshapokelewa, na imependeza. Kabla ya Pasaka diski zikatoka. Magazeti yalisifu kwamba hata punje ya vumbi haionekani.

Majirani walijaa kwa Delfina kuitazama filamu. Ukuta ulipoanguka, wote waliikodolea macho kona ya kushoto. Palikuwa na ardhi safi.

"Mnaona? Hayumo," alisema mama wa nyumba ya pembeni. "Si tulisema Fresno?"

"Tena na yule msusi," mwingine akaitikia.

Hovsep alikuwa amesimama dirishani, upande wa nje, chokaa mabegani. Walimsalimia walipokuwa wakitoka.

Vartan alitoka wa mwisho, akavuka uzio taratibu, akafungua mlango wake.

"Bado nina joho lao," Hovsep alisema. "Nitachafua nyumba."

"Acha kujikung'uta, kaka. Ingia tule, chakula kinapoa."