Baba Hajulikani

Siku ya tatu Mzee Abdulkarimu alifika ofisi ya uhamiaji ya Kigoma kabla mlinzi hajafungua geti, na bado alikuta watu tisa mbele yake. Benchi lilikuwa moja, fupi, limeegeshwa ukutani. Waliokosa nafasi walisimama, na kadiri jua lilivyopanda walisogea kufuata kivuli, hata foleni ikapoteza mwanzo na mwisho. Hakuna aliyegombania zamu. Watu wa mahali pale hujifunza upesi kutogombana.

Kwapani alibana bahasha ya kaki. Ndani mlikuwa na vyeti vya binti yake Ikram, barua ya chuo kimoja cha Uturuki kilichompa nafasi ya kusomea uhandisi wa maji, na barua ya ubalozi iliyomtaka afike Dar es Salaam tarehe kumi na tisa, saa nne asubuhi, na pasipoti mkononi, kwa ajili ya viza. Asiyefika, barua ilisema, nafasi yake hupewa mwingine. Leo ilikuwa tarehe nane. Chini kabisa, ndani ya nailoni, zilikaa stakabadhi mbili za kodi ya kichwa alizoacha babu yake, nyepesi kama ganda la kitunguu.

Saa tano na nusu aliitwa.

"Shikamoo, Mzee wangu." Afisa alinyanyuka kidogo kwenye kiti chake. Aliitwa Wilfred, kijana wa miaka thelathini na kitu, nadhifu, mwenye sauti ya chini. Siku mbili zilizotangulia alikuwa amemwamkia vivyo hivyo.

"Marahaba, mwanangu."

"Karibu ukae. Ikram hajambo?"

"Hajambo. Nimemwacha nyumbani."

"Binti ana kichwa yule." Alivuta faili. Siku ya kwanza lilikuwa na karatasi mbili. Sasa lilikuwa limenenepa. "Shida yako, Mzee, si binti. Shida ni wewe."

Abdulkarimu alijua shida ilikoanzia. Aliianzisha mwenyewe, palepale, kwenye kiti kilekile.

Huko Ujiji alikozaliwa, posa haizungumzwi hivi hivi. Kabla hata mahari haijatajwa, wazee wa pande mbili huketi, na kila upande hueleza ulikotoka: babu wa babu, mji wake, namna alivyovuka ziwa, nyumba aliyofikia. Anayesitasita hudhaniwa ana jambo analoficha. Abdulkarimu alikuwa amezungumza katika posa zaidi ya ishirini, na watu walikuwa wakitoka Kibirizi na Mwanga kuja kumwomba awasemee. Kwa hiyo siku ile ya kwanza, Wilfred alipoweka kalamu chini na kumuuliza kwa upole, "Mzee, ninyi hasa asili yenu wapi?", alinyoosha mgongo, akaeleza kama alivyozoea. Babu yake, Mzee Kalonda, alitoka Kasongo na msafara wa pembe, akauacha msafara uondoke, akajenga nyumba Ujiji, akaoa.

"Kasongo iko mkoa gani?"

"Haiko mkoa wowote. Iko ng'ambo. Kongo."

"Ng'ambo," Wilfred alirudia, akaandika. "Alivuka mwaka gani?"

"Reli ilikuwa haijafika. Mjerumani mwenyewe alimkuta hapa."

"Alivuka na kibali?"

Abdulkarimu alicheka, akidhani ni mzaha.

Siku ya pili alikuja na Ikram. Binti alisimama wima mbele ya meza, akasema kwamba marehemu mama yake alikuwa Muha wa Simbo, wazazi wake wakulima wa Simbo, na kwamba kisheria mzazi mmoja aliye raia anamtosha mtu kuwa raia. Wilfred alimsikiliza mpaka mwisho bila kumkatiza.

"Sheria uliyoisoma wewe ndiyo niliyoisoma mimi, mdogo wangu," alisema. "Tofauti yetu ni kwamba mhuri uko kwenye droo yangu." Kisha akamwomba Abdulkarimu kitambulisho chake cha taifa, kwa uhakiki. Alikitia kwenye faili, akalifunga.

Leo faili lilifunguliwa tena.

"Nimekuletea hizi," Abdulkarimu alisema, akazitoa stakabadhi. "Babu alilipa kodi Ujiji. Tazama tarehe. Baba yangu alizaliwa hapa, mimi nimezaliwa hapa, hata uhuru ulinikuta hapa."

Wilfred aliziinua kwa ncha za vidole, akazitazama mbele na nyuma. "Kodi hata mgeni analipa, Mzee." Akazirudisha juu ya meza taratibu, kama mtu anayeogopa kuzichana. "Sikiliza. Nikikuhakiki wewe kwanza, faili linapelekwa juu. Miezi sita. Mwaka. Likirudi na jibu baya, linamkumba na yeye."

"Jibu baya lipi?"

"Feliksi, fundi baiskeli wa pale Mwanga, ulimjua?"

Kila mtu alimjua. Walimchukua asubuhi moja akiwa na spana mkononi, wakamvusha mpaka. Alipiga simu mara moja tu, kwa jirani yake, kuuliza kama kuna mtu anayemjua mtu yeyote huko alikopelekwa.

"Ila njia ipo," Wilfred alisema. "Sikushauri, nakueleza tu. Mtoto ambaye baba yake hajulikani humfuata mama."

Nje mtu alikohoa.

"Baba yake ni mimi."

"Cheti ndivyo kinavyosema. Vyeti hukosewa, na kiapo husahihisha cheti. Jina lako hatutaligusa, Mzee, maana vyeti vyote vya shule ndilo vinalolitumia. Wewe utakuwa mlezi. Watu wengi wanatumia majina ya walezi wao."

"Na mama yake atakuwa nani?"

Wilfred alitazama saa yake. "Mama yake ni marehemu, Mzee wangu. Hakuna atakayemuuliza."

*

Nyumbani, Buzebazeba, hakuyasema mpaka walipomaliza kula. Ikram alikuwa ameshika bakuli la dagaa, akalishusha mkekani.

"Mama alikuwa malaya?"

"Usilitamke neno hilo ndani ya nyumba hii."

"Mimi sijalitamka. Karatasi yao ndiyo itakayolitamka. Kwamba alikuja kwako na mimba ya mtu." Hakupandisha sauti. "Siendi, baba. Nitabaki. Nitauza vitenge pale Mwanga na shangazi Shadia."

"Ukibaki, utabaki ukiwa nani?"

Ikram aliufuta ukingo wa bakuli kwa kidole.

"Nakuuliza, Ikram. Faili limeshafunguliwa. Mimi ndiye niliyelifungua kwa mdomo wangu huu. Halifungwi eti kwa sababu umeamua kuuza vitenge. Leo wananiuliza mimi, keshokutwa watakuuliza wewe, halafu watoto wako. Bora ukatwe sasa utoke kwangu, uwe wa mama yako peke yake, uende."

"Unaongea kama mimi ni kidonda."

"Naongea kama mtu aliyemwona Feliksi akipandishwa gari."

Ikram alianza kukusanya vyombo. Alivipanga, akavipangua, akavipanga upya. Alipofika mlangoni alisimama akiwa amempa mgongo.

"Mjomba wa Simbo akisikia?"

"Mjomba wako nitamwambia mimi."

Hakumwambia. Siku mbili alijipa kazi. Alikuwa fundi wa taa za wavuvi tangu enzi za karabai mpaka hizi za betri, na kule mwaloni Kibirizi, wanakoshusha samaki, hakukosi taa iliyoingia maji. Wavuvi walimuuliza binti anaondoka lini. "Karibuni," aliwajibu. Mmoja alimtania, "Fundi, ukishapata mkwe wa Kituruki, utatukumbuka kweli?" Wote wakacheka, na yeye akacheka nao, bisibisi ikamteleza ikamchoma kiganja.

*

Wakili Leonardi alikuwa na chumba juu ya duka la kutoa fotokopi, Mwanga. Hakushangaa. Maneno alikuwa nayo tayari kwenye kompyuta. Alibadilisha majina tu, akamsomea.

"Kwamba mimi, Abdulkarimu Kalonda, Mwislamu, mtu mzima mwenye akili timamu, naapa na kuthibitisha kuwa Ikram si mtoto wangu wa kumzaa. Kwamba mama yake, marehemu Asia, alikuja kwangu akiwa na mimba ambayo si yangu. Kwamba baba wa mtoto huyo hajulikani, na marehemu hakupata kumtaja mpaka anafariki."

"Hilo la mwisho la nini?"

"Wakikuuliza kwa nini hukumuuliza, liwe limeshajibiwa."

"Liondoe."

"Mzee, nikiliondoa karatasi hii itarudishwa. Nimeziandika nyingi, nazijua zinazorudi." Alisita kidogo. Yeye naye alikuwa na kipara cha mtu mzima, na watoto wake walikuwa kwenye picha ukutani. "Hii ni ya kumi na moja tangu Januari," alisema.

Alifungua droo. Ndani mlikuwa na Biblia na msahafu, kila kimoja kimefungwa kwenye mfuko wake wa nailoni. Alitoa msahafu, akauweka kwenye kona ya meza, mbali na kikombe cha chai.

"Siwezi kuthibitisha tu, bila kushika?"

"Nimeshaandika Mwislamu."

Abdulkarimu aliomba maji. Wakili alidhani ni ya kunywa, akamletea kwenye glasi. Alitoka nayo mpaka kwenye ngazi, akatawadha kwa maji yale machache, akilowesha kidole kimoja kimoja ili yamtoshe. Chini, mashine ya fotokopi ilikuwa ikivuma. Alirudi, akaweka kiganja chake kilichofungwa kitambaa juu ya msahafu, akatamka maneno yote, hata lile la mwisho. Alipomaliza aliona kitabu kimelowa mahali alipoweka mkono. Alikifuta kwa kanzu yake kwa muda mrefu, mpaka wakili akamwambia inatosha.

Pasipoti ilitoka tarehe kumi na tano. Wilfred alimkabidhi Ikram kwa mikono miwili, akamtakia masomo mema. Kitambulisho cha mzee hakikutoka.

"Hicho kina faili lake sasa," Wilfred alisema, "kwa kuwa faili la binti limefungwa." Akapekua karatasi mbili. "Na kwa kuwa huna tena mtoto aliye raia, Mzee wangu, lako litakuwa rahisi kushughulikia."

Alilisema kama habari njema.

*

Tarehe kumi na sita alfajiri walipanda basi la Dar es Salaam. Shadia, dadake Abdulkarimu, alikuwa amemkataza asiende bila kitambulisho. Lakini Ikram hakuwahi kuvuka Uvinza, na katika ukoo wa Kalonda mtoto wa kike hajawahi kusafirishwa peke yake safari ya siku mbili kama kifurushi. Mfukoni mwa koti alikuwa na fotokopi ya kitambulisho. Aliketi na binti yake viti vya pamoja, wakala viazi vitamu alivyowafungia Shadia, na kwa mara ya kwanza tangu faili lifunguliwe wakazungumza mambo ya kawaida: kama huko Uturuki kunauzwa mawese, kama baridi yake inazidi ya milimani Kasulu. Ikram alisema atanunua koti refu kama la askari. Abdulkarimu akamwambia asisahau soksi.

Jua lilikuwa halijawa kali basi liliposimama kwenye kizuizi. Maafisa wawili walipanda. Mmoja alibaki mlangoni. Mwingine alipita kiti kwa kiti, akinyoosha kiganja bila kusema neno. Watu walitoa vitambulisho kabla hajawafikia. Mwanamke mmoja na mwanawe mkubwa waliteremshwa. Hakuna abiria aliyewatazama walivyoshuka.

Afisa alichukua pasipoti ya Ikram, akaifungua, akaona barua ya ubalozi na kiapo vilivyokunjwa ndani yake. Alikisoma kiapo chote. Kisha akanyoosha kiganja kwa Abdulkarimu, akapokea fotokopi.

"Halisi iko wapi?"

"Iko ofisini, mwanangu. Kwa uhakiki."

"Uhakiki wa nini?"

Abdulkarimu alipapasa mfuko wa koti uliobaki mtupu. Afisa alimtazama, akamtazama Ikram, akarudi kwake. Paji la uso lilikuwa lilelile, pana, lenye mshipa uleule upande wa kushoto kwa wote wawili.

"Binti, huyu ni nani wako?"

Ikram alifungua mdomo. Abdulkarimu aliiona herufi ya kwanza ikiumbika kwenye midomo yake, na alikuwa baba wa kutosha kujua ni ipi.

"Hatufahamiani," alisema yeye, haraka. "Nimekaa tu hapa. Tumepanda wote Kigoma."

"Nimemuuliza binti."

Ikram alikuwa ameushika ukingo wa kiti cha mbele kwa mikono miwili. Kwenye goti lake kulikuwa na kipande cha kiazi ambacho baba yake alikuwa amemmenyea muda huo huo.

"Simjui," alisema.

Afisa alilitazama jina kwenye fotokopi, kisha kwenye kiapo, akamrudishia binti karatasi zake. "Shuka, Mzee."

Alishuka bila mzigo, kwa sababu mzigo wao ulikuwa mmoja. Basi liliondoka polepole, kisha kwa kasi. Aliliangalia dirisha la binti yake mpaka lilipopita. Ikram alikuwa ametazama mbele moja kwa moja, kama abiria mwingine yeyote.

Chini ya turubai palikuwa na meza, na mbele yake wamekaa chini yule mwanamke na mwanawe na wanaume watatu. Walimsogezea nafasi. "Mwakeye," mwanamke alimsalimu kwa Kiha, kwa sauti ndogo, na mwanawe akamkanyaga mguu anyamaze, maana Kiha hufanana na lugha ya ng'ambo ya mpaka.

Afisa wa mezani alivuta fomu mpya, akailaza sawasawa. Aliuliza jina, akaandika. Aliuliza mwaka wa kuzaliwa, akaandika. Aliuliza mke, akaandika: amefariki. Kisha kalamu ikateremka mstari mmoja, ikasimama.

"Una watoto?"

Kwa mbali mngurumo wa basi ulikuwa bado unasikika, ukipanda kilima.

"Mzee, nakuuliza. Una watoto, huna?"