Kamba ya Mita Kumi na Sita

Kamba moja kwa kila jamaa: hiyo ndiyo ilikuwa haki kwenye gare, stesheni ya treni ya Kolwezi. Mwaka ule wa 1993, watu wenye asili ya Kasai walikuwa wakifukuzwa Katanga, hata wale waliozaliwa hapa hapa, na walijaa kwenye sakafu ya gare wakingoja treni isiyo na siku. Tata Mukuna, karani wa mizigo, naye amefukuzwa kama wao, alikata kamba za mita kumi na sita akampa kila baba moja. Zungusha, kaa ndani, usimguse jirani.

Nilikwenda pale kumtafuta Tshibola, mwanafunzi wangu wa mwaka wa tano, kwa sababu nafasi yake darasani ilikuwa tupu. Jamaa yao ilichelewa kufika, ikapata ukanda uliobaki kando ya ukuta: urefu mita saba, upana mita moja. Walikuwa watu tisa. Mama yake, Elise, alikuwa amejifungua juzijuzi. Nilimkuta ameketi, mgongo ukutani, kichanga mapajani, miguu imevimba.

"Mama, hulali?"

"Nikilala, wengine basimame," alisema, akacheka kidogo. "Treni itanikuta nimekaa kama shefu wa kijiji."

Nilimwendea Mukuna.

"Madame, kamba njo moja, ile ile kwa bote," alisema. "Mi sikupendelea mutu."

Hakusema uongo. Alikulia Lubudi, ambako mashamba ya mihogo hugawanywa kwa kamba. Huinyoosha kando ya barabara, na kila mmoja hulima kutoka pale hadi mtoni. Kutoka barabarani hadi mtoni ni mbali sawa kwa wote, basi kamba haimwonei mtu. Lakini huko hawaizungushi. Nilipomwambia kwamba nafasi hupimwa kwa urefu mara upana, alinipungia mkono.

"Hiyo ni ya ubao, Madame. Hapa iko simenti."

Asubuhi yake niliandika ubaoni: Baba wawili wana kamba za mita kumi na sita. Mmoja anazungusha mita nne kwa nne, mwingine mita saba kwa moja. Nani ana nafasi kubwa?

"Sawa sawa!" darasa zima lilipiga kelele. "Kamba iko moja!"

Niliwaambia wachore miraba midogo ndani ya kila umbo, mraba mmoja kwa mita moja, kisha wahesabu. Kelele zikapungua. Kumi na sita huku, saba kule.

"Madame anatucheza," Gracien alisema. "Kamba ile ile itazaaje bitu bibili?"

Abigaëlle, aliyekuwa akikaa benchi moja na Tshibola, hakuwa akihesabu tena. "Ule wa saba, njo nani?"

Ningeweza kumjibu kwamba ni baba wa kwenye hesabu tu. Nilisema, "Ni baba yake Tshibola."

Kengele ya kutoka ilipolia nilishika njia ya gare, nikasikia viatu nyuma yangu. Abigaëlle, Gracien, na wengine. Sikuwaita. Sikuwarudisha pia.

Mukuna alikuwa ndani ya mraba wake, uliopakana na ukanda wa akina Tshibola. Gracien alimsalimu vizuri, kisha akamuuliza, "Tata, tunaweza kulala kwako kidogo?"

"Kulala? Nyumbani kwenu hakuna kitanda?"

Watu walicheka. Watoto tisa walijilaza ndani ya kamba yake, na katikati ikabaki nafasi ya kugeuka. Ndipo Tshibola aliposimama, akawaomba ndugu zake watoke kwenye ukanda. Wale tisa wakahamia huko. Walijibana bega kwa bega upande uliopakana na Mukuna, vichwa ukutani, na miguu yao yote ikapita kamba, ikaingia kwa Mukuna. Kisigino cha Gracien kiligonga sufuria yake.

Mukuna aliitazama ile miguu, safu nzima ndani ya nafasi yake.

"Kamba ni moja," Tshibola alimwambia taratibu, "lakini kwako ni kumi na sita, Tata, na kwetu ni saba."

"Nilisikia jana," Mukuna alisema. "Sikuona."

Aliinua jiwe lililoshika kamba yake, akarudi nyuma mita moja. Jirani yake, mama ambaye mraba wake ulipakana na mita tatu zilizobaki za ukanda, alinung'unika.

"Na sisi tunabaki na ngapi?"

"Tatu kwa nne, kumi na mbili," Tshibola alijibu upesi. "Nanyi mko batano tu, Mama."

"Angalia huyu! Mama yake anazaa, yeye anahesabu!"

Lakini alisogeza. Ukanda ukawa na upana wa mita mbili: kumi na nne. Elise alimpa Tshibola kichanga, akashika ukuta, akajishusha, akanyoosha miguu yake yote miwili. Alikuwa amelala kabla hatujatoka.

Kesho yake Tata Ngoy, mkuu wa shule, alifunga mlango wa ofisi yake.

"Batoto ba batu bamelala chini kule gare, pamoja na bale batu ba Kasai! Bazazi bamekuja hapa mbio. Banasema unafundisha siasa."

"Nilifundisha mstatili, Tata."

"Mustatili uko ndani ya kitabu. Jumamosi bazazi bote batakuwa hapa. Utasimama mbele yao, utaomba musamaha, na darasa litabaki lako. Ukikataa, chaki utaiacha hapa mezani. Neno moja tu, binti yangu. Ni ngumu?"

Si gumu kulitamka. Niliwaza darasa langu, na Gracien ambaye bado hakuwa amekubali kwamba kamba moja huzaa vitu viwili. Kisha nikawaza miguu ya Elise.

Nilitoa chaki mfukoni, nikaiweka juu ya meza yake.

"Saba ni saba, Tata. Jumamosi mi sitakuja. Siombi msamaha."