Kijiko Kisimame

Kinyozi alipewa jina la Redio na wateja wake, waliosema kwamba kwake nywele huisha lakini taarifa ya habari haiishi. Mkewe, fundi cherehani aliyeshonea sebuleni, kwa miaka alimwomba Mungu ampe japo saa moja ya utulivu. Sasa alikuwa amepewa wiki nzima, na utulivu wenyewe ulimkaa vibaya kama gauni la kuazima.

Kisa kilichekesha, kwa asiyekuwa na mume aliyepatwa nacho. Redio alikuwa akimsimulia mteja jinsi golikipa mmoja alivyopangua penalti. Maneno yasimtoshe, akaamua kuruka mwenyewe. Mpira haukuwepo, sinki lilikuwepo. Hospitalini wakamfunga taya lililovunjika kwa waya, wakampa mrija. Asubuhi hii daktari alikuwa amesema waziwazi: kesho akipanda mizani akakutwa amepungua tena, atalazwa na kulishwa kwa mpira wa puani.

Na Redio hakuwa akila. Maziwa aliyasukuma, uji aliupa mgongo.

Ndipo mkewe alipoifunika cherehani na kubandika sufuria kubwa. Supu yake ya njegere kavu, zile zilizokobolewa na kupasuliwa nusu, ilikuwa fahari ya mumewe. Akija mgeni, Redio alisimamisha kijiko katikati ya bakuli, akakiachia na kutangaza, "Mnaona? Hii si supu, ni msingi wa nyumba!" Mkewe alikuwa akitamani ardhi ipasuke.

Alikaanga kitunguu na karoti mpaka vikalainika, akatia saumu, akamwaga njegere, akazamisha mfupa wenye nyama na kujaza maji. Povu lilipopanda akaliengua. Kisha akapunguza moto, akawa anakoroga hadi chini zisije zikashika, mpaka njegere zikapondeka zenyewe na nyumba nzima ikanukia. Sebuleni kiti kikalia kwaruu. Pua ya Redio haikuwa imefungwa waya.

Mdogo wa mkewe, fundi bomba, akaingia na begi la vifaa begani. "Shemeji! Leo stesheni haikamati?"

Redio akamwonyesha ngumi.

Mkewe alichuja supu, akaimimina kikombeni. Redio akavuta kwa mrija mpaka mashavu yakabonyea. Hakikupanda kitu.

"Imeziba hiyo," fundi bomba akasema. "Bomba jembamba, mzigo mzito. Dada, nina kipande cha mpira hapa, kipya kabisa..."

"Usithubutu! Mume wangu si sinki."

"Sinki ndilo lililomfikisha hapa."

Basi dada mtu akaongeza maji ya moto. Redio akachukua kijiko, akakisimamisha kikombeni, akakiachia. Kijiko kikalala, kling! Akasukuma kikombe na kugeukia ukutani.

Mkewe akaketi. Alimtazama kisogo, kisha akaitazama meza, kimya kama ya msibani. Likamjia wazo: mtu huyu hajawahi kula kimya maishani mwake. Siku zote hadithi ilitangulia, tonge likafuata.

Akakohoa kidogo. "Basi yule golikipa," akaanza, "akapiga kichwa, akafunga goli la kona."

Kisogo kikatikisika.

"Mmm-mm!"

"Haikuwa kona? Ilikuwa nini, mpira wa kurusha?"

"Mimi nilisikia alikuwa refa," fundi bomba akadakia.

Redio akageuka mzimamzima, akapiga meza kwa kiganja.

"Ukitaka kunisahihisha, kunywa kwanza," mkewe akasema. "Funda moja, sahihisho moja."

Redio alimkazia macho. Alikitazama kikombe. Akavuta, akameza, kisha akachora kwa mikono goli, mpira na mpigaji.

"Kumbe penalti! Haya. Ikapigwa na mama yake mzazi."

Akavuta tena, haraka haraka, huku akitikisa kichwa. Mkewe hakumhurumia. Alimvalisha golikipa viatu vya harusi, akampandisha juu ya nyavu, akawaingiza mbuzi uwanjani. Kila uongo ulilipiwa funda. Redio alishika taya, mabega yakimcheza kwa kicheko, machozi yakimtoka. Kikombe cha kwanza kikaisha, kikafuata cha pili, na mkewe akagundua kwamba na yeye, kumbe, ana mdomo.

Aliponyanyuka kuongeza, supu ilikuwa imepoa sufuriani kwa wingi wa maneno, na kupoa kumeizidishia uzito. Redio akamfuata jikoni, akamnyang'anya kijiko, akakichomeka katikati na kukiachia.

Kikasimama wima.

Akamgeukia fundi bomba, akanyoosha mkono kumwelekea mkewe, kifua mbele, kama alivyozoea kumtangaza kwa wageni. "Mmm!" akasema. "Mmm-mmm!"

"Tumesikia," mkewe akamjibu akijifuta macho kwa aproni, na tayari amekamata birika la maji ya moto. "Rudi ukae unywe. Hatujafika hata mapumziko."