Kijiwe Chini ya Figa

Usiku wa jana niliota nachagua mchele, mchana kweupe, jikoni kwa Bibi Sekela. Bibi ndiye anayewapikia wataalamu waliokuja kuchimba mifupa ya kale korongoni kwetu. Mimi namsaidia.

Nikaona kijiwe cheusi kwenye ungo. Nikakishika nikitupe.

"Usinitupe. Mimi si jiwe, ni jino."

"Shikamoo," nikasema, maana lilionekana la siku nyingi.

"Marahaba. Nani mwenzangu?"

"Tusekile."

"Mimi ni mnyama wa kwato, Tusekile. Kimo changu kama sungura. Tuliisha duniani kabla ninyi hamjaja. Sasa sheria inasema unakuwa kile tu kilichopatikana. Wameokota jino, basi mimi ni jino."

Nikaona ni haki. Nikaendelea kuchagua.

"Tatizo ni kwamba wenzangu wanahama leo," likasema. "Jino halitembei."

Nageuka, ukuta wa jiko haupo. Pana ziwa, na wanyama wadogo wamejipanga ukingoni kama watoto wa shule wanaosubiri kukaguliwa kucha. Mmoja anatazama nyuma kila mara.

"Yule ni mama. Amewaomba wanisubiri. Wamesema mwisho ni wali wenu ukiiva."

Mchele uliokuwa kwenye ungo sasa uko motoni, unatokota.

"Harakisheni," ikasema sufuria. "Mimi siwezi kujizuia."

"Mguu wako uko wapi?" nikauliza.

Bibi akanyoosha mwiko. "Si ule pale, kile kijiwe chini ya figa la tatu? Nimeuweka mwenyewe, figa lisicheze. Na hautoki. Wageni wana njaa."

"Bibi, mama yake anamsubiri."

"Na mimi nina sufuria. Halafu wewe binti, mchele unakusemesha na wewe unajibu?"

Nikapeleka mkono motoni, nikakichomoa kile kijiwe. Figa likalala. Sufuria ikasema, "Samahani," ikamwaga wali wote majivuni.

"Haya," akasema Bibi. "Sasa wageni watakula mifupa yao."

Mguu ukajishika chini ya jino.

"Na mingine mitatu?" nikauliza.

"Ukipatikana mmoja, mingine inakisiwa," likajibu jino.

Kweli, ikatokea mitatu, hafifu, kama imechorwa kwa penseli. Mwili nao ukakisiwa.

"Rangi yako je?"

"Hawaijui."

Nikamtazama vizuri. Hakuwa na rangi yoyote.

Akainama, akaonja wali kwenye majivu. Akatafuna taratibu, kwa lile jino moja. Kule ukingoni kundi lote limegeuza masikio, linasikiliza.

"Haujaiva," akasema.

Akakimbia. Mama yake akamnusa viungo vya kweli kwanza, kisha vile vya kukisiwa.

Nikaamshwa na kelele za Bibi.

"Tusekile! Nani kachomoa kijiwe changu? Uji wote umemwagika!"

Nikaenda jikoni. Figa la tatu limelala. Kwenye majivu kuna alama za kwato ndogo zinaelekea mlangoni, zote za mguu mmoja.

Bibi akainama kuzitazama. "Mbuzi wa nani huyu, ana mguu mmoja?"

"Ana minne, Bibi," nikamwambia, nikaenda kutafuta kijiwe kingine.